WIKI MOJA LAMU, PEKE YAKO: JINSI YA KUIPANGA KUTOKA GRIFTU

Mwaka huu nimepewa nafasi ya kuandika makala ya maelezo, nami nimechagua jambo ambalo limenikosesha usingizi tangu muhula wa kwanza. Jambo lenyewe ni hili: mtu mmoja mwenye begi moja na hela za kuhesabu anawezaje kutoka hapa Griftu, akaenda mji wa kale wa Lamu, akakaa, akarudi, yote ndani ya siku saba?

Wapo wanaoota Roma na Athens. Sina ugomvi nao, lakini mji wa kale unaofikika bila pasipoti tunao hapa hapa Kenya. Watu wameishi Lamu mfululizo kwa zaidi ya miaka 700, na mwaka 2001 shirika la UNESCO liliuweka mji huo katika orodha ya urithi wa dunia. Isitoshe, sisi tunaotoa jasho kwa ushairi darasani tungependa kuona mahali ambapo baadhi ya mashairi hayo yalitungiwa. Sijafika bado. Haya nimeyakusanya kwa madereva, kwa mwalimu mmoja aliyekulia pwani, na kwa kuisoma ramani hadi ikachanika.

Kwanza tuelewane kuhusu hesabu. Siku saba za safari si siku saba za Lamu. Toka Griftu alfajiri, ufike Wajir, kisha upande gari la Garissa kupitia Habaswein na Modogashe. Kutoka Wajir hadi Garissa ni zaidi ya kilomita 300, hivyo siku ya kwanza imekwisha. Siku ya pili unavuka daraja la mto Tana, unateremka na mto kupitia Hola mpaka Garsen, halafu unakata kushoto kupitia Witu hadi Mokowe. Hapo barabara inaishia majini, na mashua inakuvusha. Siku mbili za kwenda, mbili za kurudi, zimebaki tatu. Mpango wowote usioanza na hesabu hii ni stori tu.

Kwenye ramani utaona njia fupi zaidi, inayoshuka kutoka Garissa upande wa mashariki wa mto na kupita karibu na msitu wa Boni. Iache. Tangu mashambulizi ya Mpeketoni ya mwaka 2014, upande ule umekuwa na matatizo ya usalama yasiyo ya mzaha, na hata barabara ya Witu imewahi kushambuliwa. Januari 2020 basi lilishambuliwa huko na watu wakafa. Kwa hiyo safiri mchana, kwa basi linalojulikana, na uulizie hali ya njia Garissa usiku ule unaolala hapo, si wiki moja kabla. Ukiambiwa ngoja, ngoja.

Sasa wakati gani? Sisi wanafunzi tuna likizo ya Aprili, ya Agosti na ya mwisho wa mwaka. Aprili ni mvua. Mwisho wa mwaka pia waweza kunyeshewa, na si unajua Tana ikifurika: Novemba 2023 na tena mwaka 2024 maji yalikata barabara karibu na Garissa, watu wakawa wanavushwa kwa boti mahali pa magari. Imebaki Agosti. Upepo wa kusi huvuma kwa nguvu mwezi huo na bahari ya nje huchafuka, lakini mkondo kati ya Lamu na Manda umekingwa na visiwa. Angalia pia Maulidi. Sherehe za Maulidi za Lamu, ambazo kitovu chake ni msikiti wa Riyadha ulioanzishwa na Habib Swaleh kutoka Ngazija, hufuata kalenda ya Kiislamu, basi kila mwaka husogea nyuma kama siku 11. Zikiangukia likizo yako, utaona mji ukiwa umejaa furaha, na kila chumba kimejaa vilevile.

Nikaamua siku ya kuondoka iwe Jumanne. Ukitoka Jumanne unafika Jumatano jioni, na siku zako tatu ni Alhamisi, Ijumaa na Jumamosi, kisha Jumapili unarudi. Kwa hiyo sala ya Ijumaa inakukuta mjini, si njiani. Hii nimeipanga mwenyewe na ninajivunia.

Hapa pana jambo ambalo vitabu vya watalii havitalitaja, maana halimhusu mtalii. Mtu wa Wajir akisafiri kwenda kusini husimamishwa njiani aonyeshe kipande. Mwaka 1989 serikali ilifanya msako wa kuwakagua Wakenya wa asili ya Kisomali, ikawapa kadi maalumu za rangi ya waridi kuthibitisha kwamba wao ni raia, na wazee wetu hawajasahau. Sisi wa miaka 16 hatuna kipande, kwani hutolewa ukifika 18. Ukiwa na familia, baba ndiye anayejibu. Ukiwa peke yako, unajibu wewe. Basi beba kadi ya shule yenye picha, nakala ya cheti cha kuzaliwa, nakala ya kitambulisho cha mzazi, na barua ya mwalimu mkuu au chifu inayosema jina lako, unakokwenda, tarehe ya kurudi na namba ya simu ya mzazi. Zitie kwenye karatasi ya plastiki, uziweke mfukoni, si ndani ya begi lililo juu ya basi. Na usikubali kubeba mzigo wa mtu, hata akikuambia ni viatu vya mtoto tu. Mzigo ulio mikononi mwako ni wako mbele ya polisi.

Baba aliposikia habari hii hakuuliza nauli. Aliuliza, "Nani anakujua huko?" Nilidhani ni swali la kunizuia, kumbe ndilo swali la wasafiri wote wa pwani hii tangu zamani. Ibn Battuta alitoka kwao Tangier mwaka 1325, peke yake, kijana wa miaka 21. Alipofika Mogadishu mwaka 1331, kabla ya kuendelea Mombasa na Kilwa, alieleza desturi ya mji: vijana waliifuata meli kwa mashua ndogo na vyakula vilivyofunikwa, kila mmoja akimchagua mfanyabiashara na kusema huyu ni mgeni wangu. Tangu hapo mwenyeji ndiye aliyemuuzia na kumnunulia. Ibn Battuta, kwa kuwa alikuwa mwanachuoni, alipelekwa kwa kadhi. Yaani hata msafiri mashuhuri kiasi hicho hakuteremka bila mtu wa kumpokea.

Basi tafuta mwenyeji kabla ya kutafuta basi. Uliza msikitini, uliza walimu waliofundisha pwani, uliza wafanyabiashara wa mifugo wanaofika Garsen. Unahitaji watu wawili, mmoja wa Garissa kwa usiku wa kwenda na wa kurudi, na mmoja wa Lamu. Wapigie simu mzazi akiwapo, wazungumze wenyewe. Kila ukishuka gari, piga simu nyumbani.

Kuhusu hela, nauli ya basi hupanda na kushuka pamoja na bei ya mafuta, kwa hiyo uliza kwa karani wa basi mwenyewe. Kinachomuumiza msafiri wa peke yake ni mashua. Kuvuka kutoka Mokowe ni rahisi, kwani unaingia na abiria wengine. Ila mashua ya matembezi hukodishwa nzima. Mkiwa sita mnagawana, ukiwa peke yako unabeba gharama ya watu sita. Ngoja gatini, ujiunge na kundi. Vaa jaketi la kuokolea hata wengine wakicheka. Maji mengi tunayoyajua sisi ni ya laga siku ya mvua, na hakuna aliyejifunzia kuogelea humo.

Alhamisi nitaimaliza kwa miguu. Magari hayaingii vichochoroni, mizigo hubebwa na punda. Njia kuu huitwa Usita wa Mui, na kaskazini yake ni mtaa wa Mkomani wenye majumba ya mawe ya matumbawe. Vyumba vyake ni virefu lakini vyembamba, na sababu ni nzuri: dari hushikiliwa na boriti za mikoko, na boriti hazizidi urefu fulani, hivyo upana wa chumba haufiki mita 3. Ngome iko katikati ya mji. Ujenzi wake ulikamilika mwaka 1821, na kuanzia 1910 hadi 1984 ilikuwa jela. Jumba la makumbusho liko ufukoni, nami nimeliweka Ijumaa asubuhi. Baada ya sala na jua kupoa, nitatembea hadi Shela, yapata dakika 45, ambako watu wa Lamu waliwashinda Mombasa na Pate karibu mwaka 1813.

Jumamosi ni ya Takwa, mji uliohamwa katika kisiwa cha Manda, ambao bado una magofu ya msikiti wa Ijumaa. Lakini Takwa haina saa maalumu. Mashua hupita katikati ya mikoko, na hupita maji yakijaa tu. Yakipwa, mmekwama kwenye tope. Na maji hujaa kama dakika 50 baadaye kila siku. Basi ukifika Jumatano, muulize nahodha maji ya siku zote tatu, ndipo upange. Ikibidi Takwa iende Alhamisi, iende.

Neno kwa wanachama wenzangu: mtasikia Kiamu. Mji ni mui, njia ni ndia, kuja ni kuya. Msimsahihishe mtu.

Nauli ya kurudi itenge siku ile ile unayotoka Griftu, uiache kwa mwenyeji wako wa Lamu au kwenye simu ya mzazi akutumie Jumamosi jioni. Jumapili uwe gatini mapema, maana mabasi ya Mokowe huondoka asubuhi, nawe bado unatakiwa kuvuka maji kabla ya kulifikia lako.