Gikondo: Picha zilizorudi nyumbani kutafuta majina

Na Mwandishi Wetu, Kigali

MFANYABIASHARA anayeleta mzigo Kigali anaijua Gikondo kwa maghala ya Magerwa na viwanja vya maonyesho ya biashara. Watazamaji wa televisheni duniani waliiona kwa sura nyingine: picha za video zilizopigwa Aprili 1994 na Mwingereza Nick Hughes kutoka juu ya Shule ya Kifaransa, zikionyesha watu wakiuawa barabarani, ng'ambo ya bonde.

Ni miongoni mwa picha chache mno zilizonasa tendo lenyewe la kuua wakati wa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi. Vituo vya nje vilizirusha tena na tena bila kuwataja waliouawa.

Baadaye Hughes alirudi Gikondo na mkanda wake. Filamu ya Iseta: Behind the Roadblock ya mwaka 2008, iliyotayarishwa na Mnyarwanda Eric Kabera, inaonyesha kilichofuata. Wakazi walitazama, wakawatambua marehemu, wakawatambua na wauaji. Picha za habari zikageuka ushahidi, na marehemu wakapata majina yao.

Kisa hicho kina uzito leo, kwa kuwa watengenezaji filamu wa ukanda huu wanazidi kuchokonoa kumbukumbu za zamani. Mjini Goma, Petna Ndaliko Katondolo alitengeneza Kapita (2020), filamu fupi ya majaribio inayochanganya picha za enzi za Wabelgiji na za sasa kuhusu uchimbaji wa mali ya Kongo. Kapita ni nyapara. Hakuna hadithi ya moja kwa moja. Mtazamaji anabaki akijiuliza aliyeshika kamera alimtumikia nani.

Swali hilo linafaa pia kwa picha za 1994, ila hapa lipo la pili: ndugu wa marehemu wameulizwa? Wengi wao wako hai. Huenda mmoja anapanga bidhaa meza ya jirani na yako sokoni.

Kila Aprili, Rwanda inapoomboleza, vipande vya namna hii husambaa kwenye simu, hata katika makundi ya wafanyabiashara. Mzigo hauvuki Gatuna wala Rusumo bila hati inayomtaja mwenyewe. Kabla ya kumtumia mwenzako picha ya marehemu, uliza kwanza ni ya nani.