Upanga wa Beardmore na misumari ya Newfoundland: Waviking walifika Kanada kweli?

NORTH YORK, Toronto – Ndugu zetu wanaojiandaa na mtihani wa uraia wa Kanada wanakifahamu vizuri kitabu cha serikali kiitwacho Discover Canada. Mtihani una maswali 20, unatakiwa upate 15, na wanaoufanya ni wenye umri wa miaka 18 hadi 54. Katika maktaba za hapa North York, kuanzia ile kuu ya Yonge Street hadi zile za upande wa Jane na Finch, Wakenya, Watanzania, Wakongo na Warundi hukikariri usiku na mchana.

Humo, kabla ya kutajwa John Cabot aliyefika mwaka 1497, kuna sentensi chache tu juu ya Waviking. Zinasema kuwa watu hao kutoka Iceland, waliohamia Greenland miaka elfu moja iliyopita, walifika pia Labrador na kisiwa cha Newfoundland. Wengi huzimeza na kupita. Sisi tunaona zinastahili kutafunwa, kwa sababu habari iliyo nyuma yake inatuhusu hata sisi watu wa pwani ya Afrika Mashariki.

Kwanza, Waviking ni nani? Ni watu wa Norwe, Denmark na Uswidi wa kati ya karne ya 8 na ya 11. Zile kofia za pembe mnazoziona kwenye sinema ziwekeni pembeni. Zilienezwa na mavazi ya opera ya Wagner iliyochezwa Ujerumani mwaka 1876. Walikuwa wakulima, mabaharia, wafanyabiashara na maharamia kwa pamoja. Mwaka 793 walivamia nyumba ya watawa ya Lindisfarne, Uingereza. Waliteka watu na kuwauza, na Dublin ilikuwa soko kubwa la watumwa. Fedha ya Waarabu waliipenda mno: mwaka 1999 katika kisiwa cha Gotland, Uswidi, kilifukuliwa kilo 67 za fedha na sarafu zaidi ya 14,000, nyingi zikiwa dirhamu. Wakati dirhamu hizo zikielekea kaskazini, watumwa wa Kizanji walikuwa wameasi kule Basra, mwaka 869 hadi 883. Dunia ilikuwa imeungana zamani kuliko tunavyodhani.

Erik Mwekundu alifukuzwa Iceland yapata mwaka 982 kwa kosa la kuua, kama baba yake alivyofukuzwa Norwe kwa kosa hilohilo. Akaenda kuishi Greenland, nchi ya barafu aliyoipa jina la "nchi ya kijani" ili watu wavutike kumfuata. (Sisi tunaoandika tukiwa uhamishoni hatujifananishi naye, wenzake wa siku hizi hufukuzwa kwa makosa madogo zaidi.) Mwanawe Leif, kwa mujibu wa masimulizi ya Iceland, ndiye aliyefika nchi waliyoiita Vinland.

Masimulizi peke yake hayakutosha. Watu walitaka ushahidi, na hapo ndipo uongo ulipopata nafasi.

Miaka ya 1930 mfanyakazi wa reli na mtafuta madini aitwaye James Edward Dodd alidai kuwa amefukua upanga, shoka na kipande kingine cha chuma karibu na Beardmore, kaskazini mwa jimbo hili la Ontario. Mwaka 1936 jumba la makumbusho la Royal Ontario Museum hapa Toronto lilivinunua kwa dola 500. Wataalamu walivichunguza wakathibitisha kuwa ni vya Waviking kweli. Basi, Waviking wamefika Ontario! Vikawekwa ndani ya kioo, watoto wa shule wakapelekwa kuvitazama.

Tatizo ni kwamba upanga ulikuwa wa kweli, lakini mahali ulipodaiwa kupatikana palikuwa pa uongo. Mwenye nyumba aliyempangisha Dodd alikwishasema mapema kuwa vitu hivyo vilikuwa vyake, na kwamba vilitoka kwa Mnorwe aliyehamia huku. Alipuuzwa. Mwaka 1956 mtoto wa kulea wa Dodd alikula kiapo kuwa vitu hivyo havikufukuliwa, bali baba yake ndiye aliyevipeleka kule porini. Makumbusho ikaviondoa. Wakubwa wa makumbusho walikuwa na hamu kubwa mno ya habari ile kuwa kweli, na maneno ya mpangishaji wa chumba yangewasumbua nini?

Miaka minne baadaye, mwaka 1960, Mnorwe Helge Ingstad alifika kijiji cha L'Anse aux Meadows, ncha ya kaskazini ya Newfoundland. Mvuvi wa pale, George Decker, akamwonyesha vilima vidogo vya nyasi. Mkewe Ingstad, Anne Stine, ambaye ndiye aliyekuwa mtaalamu wa mambo ya kale, aliongoza uchimbaji kwa miaka kadhaa. Upanga hawakuupata. Walipata misingi ya majengo manane ya udongo na nyasi, mavi ya chuma kwenye karakana ya mhunzi, msumari wa mashua, pini ya kufungia joho, na kigurudumu cha jiwe cha kusokotea uzi. Takataka, kwa kifupi. Lakini ni takataka za watu waliolala hapo, wakapika, wakatengeneza mashua yao. UNESCO ikapaingiza kwenye Urithi wa Dunia mwaka 1978.

Mwaka 2021 ukaja uthibitisho wa kupendeza zaidi. Mwaka 993 mionzi mikali, inayodhaniwa ilitoka kwenye jua, iliacha alama ndani ya miti. Wanasayansi waliitafuta alama hiyo katika vipande vya mbao za miti mitatu iliyokatwa kwa chuma pale L'Anse aux Meadows, wakahesabu duara za ukuaji hadi kwenye gome: 28. Miti ilikatwa mwaka 1021. Wakati huo, msikiti wa Kizimkazi kule Unguja, wenye maandishi ya mwaka 1107, ulikuwa bado miaka 86.

Sasa tuje nyumbani. Mwaka 1944 askari wa Australia aliokota sarafu tisa katika visiwa vya Wessel, kaskazini mwa nchi hiyo. Tano zilikuwa za Kilwa. Wapo wenzetu wanaosema basi Waswahili waligundua Australia. Tungefurahi sana iwe hivyo! Lakini nne zilizobaki zilikuwa za Kiholanzi, za karne nyingi baadaye, na sarafu husafiri katika mfuko wa mtu yeyote. Ni upanga wa Beardmore uleule. Tuonyesheni jiko, tuonyesheni mavi ya chuma.

Kipimo hichohicho kimetusaidia. Kwa miaka mingi wageni walitazama vigae vya China na Uajemi katika magofu yetu wakasema miji ile ilijengwa na watu kutoka nje. Mark Horton alipochimba Shanga, kisiwa cha Pate, katika miaka ya 1980, alikuta chini ya kuta za mawe kuna nyumba za miti na udongo, tabaka juu ya tabaka, tangu karne ya 8. Wenyeji walikuwapo kabla ya mawe.

Hata huku wenyeji walikuwapo. Masimulizi yenyewe ya Iceland yanasema Thorvald, nduguye Leif, aliuawa kwa mshale wa wenyeji wa Vinland, na wageni wale wachache hawakukaa muda mrefu. Na hapa North York, karibu na mto Black Creek, si mbali na Chuo Kikuu cha York, kimechimbuliwa kijiji cha Wahuron-Wendat cha karne ya 15 kinachojulikana kama Parsons, chenye nyumba ndefu za miti na vyungu vyao. Wasomaji wetu wengi wa Jane na Finch hupita jirani yake kila siku wakiwa ndani ya basi.