Kijana wa Lagos Ndani ya Ngozi ya Zimwi

Mwaka 1978, katika baa moja jijini London, wakala wa waigizaji aitwaye Peter Archer alimwona kijana mwembamba, mrefu kupita mita mbili, mikono na miguu kama ya panzi. Kijana huyo, Bolaji Badejo, alizaliwa Lagos mwaka 1953 na alikuwa London akisomea sanaa ya michoro. Hakuwa mwigizaji.

Archer alijua fika nani anatafuta mtu wa aina hiyo. Mwongozaji Ridley Scott alikuwa akiandaa filamu ya Alien, kisa cha mabaharia wa anga za juu wanaowindwa na kiumbe aliyeingia chomboni mwao. Waswahili husema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Hili halikumjua mtu. Shida ya Scott ilikuwa kwamba mazimwi mengi ya sinema yalijifichua mapema: mtazamaji aliona mabega na magoti, akajua ni jamaa tu aliyevishwa mpira. Badejo angeweza kuivuruga hesabu hiyo.

Mafundi walichukua umbo la mwili wake kwa plasta, na juu ya umbo hilo msanii wa Uswisi H. R. Giger akafinyanga zimwi. Carlo Rambaldi, Mwitaliano, akatengeneza mitambo ya taya. Ute uliochuruzika mdomoni ulikuwa jeli ya kulainishia, ile inayotumika hospitalini.

Kazi ya Badejo ilikuwa kulipa uhai vazi hilo la mpira. Alipelekwa kujifunza tai chi na uigizaji wa bila maneno, azoee kwenda polepole, kwa utulivu unaotisha kuliko mbio. Studio ilikuwa Shepperton, nje kidogo ya London, na ndani ya vazi lile mlikuwa na joto kali. Tena lilikuwa na mkia, hivyo kiti cha kawaida hakikumfaa. Wakamfungia bembea, na kila kamera zilipozimwa zimwi lilikwenda kuketi humo, likipumua.

Si kila tukio alilicheza yeye. Baadhi ya yale ya hatari yalifanywa na Eddie Powell na Roy Scammell, wataalamu wa kazi hiyo.

Filamu ilitoka Mei 1979, ikavuma. Mwaka uliofuata ilitwaa Oscar ya madoido ya picha. Giger na Rambaldi walikuwa miongoni mwa waliotuzwa. Badejo alikuwa amefanya kazi yake vizuri mno: watu walitoka sinema wakilizungumzia zimwi, wala hawakujiuliza aliyekuwa ndani yake ni nani.

Hakucheza filamu nyingine. Alirudi Nigeria, akaoa, akapata watoto, na mwaka 1983 akafungua jumba la sanaa. Lakini alikuwa na selimundu, ugonjwa wa damu anaozaliwa nao mtu, na Desemba 1992 ulimwua mjini Lagos akiwa na miaka 39. Wakati huo Hollywood ilikuwa imeshatoa filamu mbili zaidi za zimwi lile, ngozi imevaliwa na watu wengine.

Anayetaka kulisoma jina lake asiinuke mapema. Mwishoni mwa Alien, baada ya majina ya mabaharia saba, linapita neno Alien, na kando yake: Bolaji Badejo.