Sura ya 5: Aliyejua Mlango Uko Wapi

Kila ninapozungumzia uandishi wa skripti hapa Khayega, huulizwa mwigizaji anawezaje kugeuka mwandishi. Anayeuliza huwa tayari ana jibu: ni kipaji cha ukoo, au mtu kaota babu yake marehemu akimkabidhi kalamu. Upuuzi. Na vijana wanaonunua programu ya kupanga kurasa, wakadhani itawaandikia, wana ramli yao vilevile, ila yao inatumia umeme.

Nilipanga mifano mitatu ya waigizaji walioandika. Ule wa Ujerumani niumalize upesi: Thea von Harbou alianza kuigiza jukwaani, kisha akaandika skripti ya Metropolis, filamu iliyotoka 1927. Sasa turudi barabara ya Kisumu, kwa Francis Imbuga, mzaliwa wa Maragoli mwaka 1947. Ukitoka Khayega kwa matatu hukawii kufika kwao.

Wengi humjua Imbuga kama jina juu ya kitabu cha kutahiniwa. Kosa hilo limenichosha. Kabla mwanafunzi yeyote hajakariri tamthilia yake Betrayal in the City, iliyochapishwa 1976, Imbuga alikuwa mwigizaji. Aliigiza akiwa shule ya Alliance, akaigiza na kuandika michezo ya televisheni ya Voice of Kenya. Wala hakuacha kimoja ndipo ashike kingine, kama wanavyodhani wanaosema mwigizaji huandika akikosa kazi.

Kosa la pili ni kubwa zaidi: kudhani skripti ni maongezi. Karibu kila muswada ninaoletewa ni watu wawili wamekaa kwenye makochi wakielezana mambo ambayo wote wawili wanayajua. Aliyewahi kuigiza haandiki hivyo. Miguu yake inakumbuka. Anajua mlango uko upande gani, ni hatua ngapi hadi kwenye kiti, sentensi gani itamkata pumzi kabla hajafika, na kwamba mkono usio na kitu cha kushika hauna raha. Studio ya televisheni haina mlima wala mto wa kukuokoa. Ina chumba, na mtu anayeingia.

Kuingia! Njoo uwanjani alfajiri ya siku ya mapigano ya mafahali. Kwanza unasikia ngoma za isukuti, humwoni mnyama. Halafu wanaume wanakuja mbio na matawi mikononi, umati unafunguka, ndipo pembe zinaonekana. Hakuna aliyesema neno, nawe umeshajua nani anaogopwa. Fahali yule yule angekuwa amefungwa katikati ya uwanja tangu jana, nani angeamka mapema?

Imbuga aliijua hesabu hiyo ya kuingia. Katika Betrayal in the City, wafungwa wanaandaa mchezo wa kumtumbuiza kiongozi mgeni. Mazoezini, mbele ya Boss mwenyewe, mtawala wa nchi ya Kafira, inahitajika bunduki, nayo inaletwa ya kweli. Mwandishi wa makochi angempa Jusper, mmoja wa waigizaji hao, hotuba ya kurasa mbili kuhusu dhuluma ya Kafira. Imbuga anampa kitu cha kushika, na Mulili, kibaraka wa Boss, amesimama karibu.

Mfano wa tatu nimekosa nafasi yake.