Safari ya Mahekalu ya Angkor Ifuate Njia ya Maji

Ratiba za kawaida za siku 3 au 4 katika mji wa Siem Reap, kaskazini-magharibi mwa Kambodia, zinafanana sana. Siku ya kwanza mgeni huwahishwa Angkor Wat kabla jua halijachomoza, kisha Bayon na Ta Prohm. Siku ya pili hupelekwa kwenye mahekalu ya mbali kidogo, hasa Banteay Srei na michongo yake ya jiwe jekundu. Mwishoni, kama muda na fedha vimebaki, ndipo huja mandhari ya asili: maporomoko ya mlima Kulen au mashua katika ziwa Tonle Sap. Mlima na ziwa huuzwa kama burudisho kwa macho yaliyochoshwa na mawe. Naona mpangilio huo unamnyima mgeni jambo kubwa kuliko yote aliyoyafuata. Mlima, mto, mabwawa na ziwa ndivyo vilivyouwezesha mji wa Angkor kuwepo, na ni humo tunamoona sababu za mji huo kudhoofika huku mahekalu yakibaki. Ratiba ya siku kadhaa inayostahili gharama yake ingeanza maji yanakotoka na kuyafuata mpaka yanakoishia, na mahekalu yangeelezwa njiani, kila moja mahali pake.

Tuanze juu. Kulen ni mlima wa mawe ya mchanga, wenye kilele kipana na kimo kisichofika mita 500, unaoinuka kaskazini-mashariki mwa Angkor. Maandishi ya Sdok Kak Thom, yaliyochongwa katika karne ya 11, yanasimulia kwamba mwaka 802 Jayavarman II alifanyiwa ibada juu ya mlima huo, wakati huo ukiitwa Mahendraparvata, akatangazwa mtawala asiye chini ya mwingine yeyote. Kwa muda mrefu wanahistoria walikuwa na simulizi hilo na mahekalu machache ya matofali yaliyomezwa na msitu, basi. Mwaka 2012 helikopta ilipita juu ya mlima ikipima ardhi kwa miale ya leza inayopenya kati ya majani, na ramani iliyotokea ikaonyesha barabara zilizonyooka, matuta, mabwawa na misingi ya majengo. Ulikuwa mji uliopangwa. Kilele chenye miamba si mahali ambapo mkulima wa mpunga angekwenda kwa hiari yake, lakini ni mahali pa kushika chanzo cha maji. Mvua inayoanguka Kulen huingia ardhini, ikatoka kama chemchemi na vijito vinavyoteremka kwenye tambarare ya Angkor hata wakati ambapo mvua imekwisha.

Wakhmer wenyewe, wajenzi wa Angkor, waliliweka wazi jambo hilo kwa patasi. Huko Kulen, na tena Kbal Spean iliyo karibu, sakafu ya mto imechongwa linga nyingi, ishara za Shiva, pamoja na sanamu za Vishnu amelala juu ya nyoka. Michongo mingi ya Kbal Spean ni ya karne ya 11. Maji hupita juu yake kabla ya kushuka mjini na mashambani, yakiwa yamekwisha kutakaswa. Mgeni asiyeelezwa haya huona mawe yenye vinundu ndani ya kijito, hupiga picha na kuuliza maporomoko yako wapi. Aliyeelezwa hujua amesimama kwenye mwanzo wa kila bwawa na kila handaki atakaloliona siku zinazofuata. Mlima huohuo ulitoa pia mawe. Machimbo ya mawe ya mchanga yamepatikana chini ya miteremko yake ya kusini-mashariki, na mwaka 2012 watafiti wa Kijapani Etsuo Uchida na Ichita Shimoda walionyesha njia ya mifereji kutoka machimboni hadi Angkor, fupi kuliko ile ya kuzungukia ziwani. Kwa maneno mengine, hata mawe ya Angkor Wat yalisafiri kwa maji.

Kutoka chini ya mlima ardhi inashuka taratibu mno kuelekea kusini-magharibi, kiasi cha mita 1 hivi kwa kila kilomita. Jicho halioni mteremko huo, lakini maji yanaufuata, na wahandisi wa Khmer waliufuata pia. Sehemu ya mto Siem Reap unaopita mjini leo ilichimbwa na watu, maji yakageuzwa kutoka mkondo wake wa zamani. Ushahidi ninaoupa uzito zaidi hapa ni mfuatano wa miaka. Indravarman I aliyeanza kutawala mwaka 877 alishughulika kwanza na bwawa, Indratataka. Mwaka 879 akazindua Preah Ko, hekalu la wazee wake, na mwaka 881 Bakong, piramidi ya dola. Maji yalitangulia, kisha wazazi, kisha utukufu wake mwenyewe. Mwanawe Yasovarman I alimalizia hekalu la Lolei mwaka 893 juu ya kisiwa katikati ya bwawa la baba yake, kisha akaujenga mji wake pembeni mwa bwawa jipya, Baray ya Mashariki, lenye urefu wa kilomita 7.5 na upana wa karibu kilomita 1.8. Katika karne ya 11 ikafuata Baray ya Magharibi, takriban kilomita 8 kwa 2. Mabwawa haya hayakuchimbwa kwenda chini; yalizungushiwa matuta marefu ya udongo juu ya ardhi, ili maji yakae juu ya mashamba na yaweze kushuka yenyewe.

Baray ya Magharibi bado ina maji. Ile ya Mashariki imekauka na kugeuka mashamba, na ndiyo maana hekalu la Mebon ya Mashariki, lililowekwa wakfu mwaka 953, huwachanganya wageni. Ngazi zake za pande nne zilikuwa magati ya mashua. Leo watu huzipanda wakitokea kwenye nyasi, na pasipo mwongoza watalii anayeijua kazi yake hawawezi kujua kwamba pale waliposimama palikuwa na kina cha maji. Mfano huu mmoja unatosha kuonyesha kwa nini neno hekalu lenyewe, likitengwa na mazingira yake, linapotosha.

Kuna pia suala la misingi. Angkor Wat, iliyojengwa katika nusu ya kwanza ya karne ya 12 chini ya Suryavarman II, ina mnara wa kati unaofikia mita 65 hivi, nao umesimama juu ya udongo wa kichanga bila mwamba chini yake. Mchanga wa namna hiyo ni kama wa ufukweni: ukiwa na unyevu hubeba uzito, ukikauka hutitia. Handaki la maji linaloizunguka, lenye upana wa takriban mita 190, huelezwa na vitabu kuwa ni mfano wa bahari inayozunguka mlima Meru wa imani ya Kihindu, na maelezo hayo ni sahihi. Lakini handaki hilo pia husaidia kuweka kina cha maji ya ardhini mahali kinapotakiwa. Hapo itikadi na uhandisi havikutengana. Ndiyo sababu mamlaka ya APSARA, inayosimamia hifadhi ya Angkor tangu mwaka 1995, imefanya kazi ya kurudisha maji kwenye mahandaki na mabwawa ya kale, na ndiyo sababu uvutaji wa maji ya ardhini kwa ajili ya hoteli za Siem Reap ni tishio kwa mahekalu, hata kama hoteli yenyewe iko mbali na mawe.

Wapo wataalamu wasiokubali kuyapa maji uzito wote huu, na hoja yao si nyepesi. Mfaransa Bernard-Philippe Groslier alieleza mwaka 1979 kwamba Angkor ilikuwa dola iliyosimama juu ya umwagiliaji, na mabwawa ndiyo yaliyolisha mji. Mwaka uliofuata W. J. van Liere akapinga: hakuona mifereji ya kugawa maji kutoka mabwawani, na akahitimisha kwamba yalikuwa ya ibada na fahari ya wafalme. Mpunga, kwa mtazamo huo, ulitegemea mvua na mafuriko ya ziwa, kama unavyolimwa na wakulima wengi wa eneo hilo hadi leo. Utafiti uliofuata, hasa wa mradi wa pamoja wa Chuo Kikuu cha Sydney, taasisi ya Kifaransa ya EFEO na APSARA, umepata milango ya kuingiza na kutoa maji pamoja na mtandao wa mifereji uliotapakaa kwenye eneo la karibu kilomita za mraba 1,000. Bado sidhani Groslier alishinda kwa kila jambo. Mabwawa huenda yalikuwa bima ya mwaka mbaya zaidi kuliko chanzo cha kila siku cha chakula. Lakini hata van Liere akiwa sahihi kabisa, hoja ya ratiba inabaki palepale, kwa kuwa bwawa la ibada ni sehemu ya hekalu sawa na mnara wake.

Ziwa Tonle Sap ndilo mwisho wa njia hiyo, na ni moja ya maajabu ya maji duniani. Wakati wa kiangazi hutiririka kuelekea mto Mekong kupitia mto wake. Mvua zikianza, Mekong hujaa kupita kiasi, mto hugeuza mwelekeo na maji hurudi ziwani. Eneo lake hupanuka kutoka takriban kilomita za mraba 2,500 hadi kufikia 15,000 katika miaka ya maji mengi, na msitu wa kandokando huzama huku samaki wakizaliana kati ya matawi. Vijiji kama Kampong Phluk hujengwa juu ya nguzo ndefu kwa sababu hiyo. Mgeni aliyepita kwanza Bayon, hekalu la mfalme Jayavarman VII, ataitambua hapa michongo ya ukutani aliyoiona kule: samaki wanaoogelea kati ya miti, mamba, mashua za vita dhidi ya Wacham, wavuvi, watu wanaopika. Michongo hiyo ni habari ya ziwa hili, na ziwa bado lipo kulithibitishia jicho. Hali yake leo ni ya kutia wasiwasi, kwani mabwawa ya umeme upande wa juu wa Mekong na ukame, kama ule wa 2019, huchelewesha na kupunguza maji yanayorudi. Mwongoza watalii mwaminifu hatakwepa kulisema hilo.

Kudhoofika kwa mji nako kunasomeka njiani. Pete za miti mikongwe ya nyanda za juu za Vietnam, zilizochunguzwa na Brendan Buckley na wenzake mwaka 2010, zinaonyesha ukame mrefu katikati ya karne ya 14 na tena mwanzoni mwa karne ya 15, ukikatizwa na mvua kali mno. Mtandao mkubwa wa mifereji ulikuwa na udhaifu huo hasa: uliotengenezwa kwa ukame huharibiwa na mafuriko. Mashariki mwa mji wa kale wa Angkor Thom lipo daraja la mawe, Spean Thma, ambalo mto uliliacha kando ukachimba mkondo mpya, na sasa sakafu yake iko mita kadhaa chini. Daraja hilo linastahili nusu saa ya maelezo. Ratiba nyingi hulipita bila kusimama. Vita na dola jirani ya Ayutthaya na mabadiliko ya biashara navyo vilichangia, na mashapo ya mahandaki yanaonyesha watu walipungua polepole. Angkor Wat yenyewe haikutelekezwa kamwe. Watawa wa Kibuda waliendelea kuitunza karne nyingi kabla msafiri Mfaransa Henri Mouhot hajafika mwaka 1860.

Watu watauliza kuhusu gharama. Tiketi ya hifadhi ni dola 37 kwa siku 1 na dola 62 kwa siku 3, na Kulen ina tiketi yake ya pekee. Gari na mwongozaji huongezeka juu yake. Ni fedha, lakini njia ninayoipendekeza haihitaji siku nyingi zaidi. Inahitaji kuacha mahekalu matatu au manne yanayofanana na kuweka mlima na ziwa mahali pake. Pingamizi zito zaidi ni kwamba Kulen hauwezi kubeba umati. Ulitangazwa hifadhi ya taifa mwaka 1993, lakini msitu wake umekatwa sehemu nyingi kupisha mashamba, mikorosho ikiwemo, na sehemu za mlima zilikuwa na mabomu ya ardhini yaliyoachwa na vita vya Khmer Rouge. Nakubali kwamba vikundi vidogo, vijia vilivyosafishwa na mwongozaji wa huko ni masharti yasiyojadiliwa. Lakini msitu wa mlimani unaoeleweka kuwa ndio unaoshika maji ya Angkor Wat una watetezi wengi zaidi kuliko ule unaojulikana kwa maporomoko ya kuogelea tu. Preah Vihear, hekalu la kwenye ukingo wa milima ya Dangrek, ningeliacha nje kwa sasa: mapigano ya mpakani kati ya Thailand na Kambodia mwaka 2025 yanafanya uamuzi huo usiwe mgumu.

Msimu una uzito kuliko idadi ya siku. Machi na Aprili vijito vya Kulen hupungua na ziwa husinyaa. Novemba hadi Desemba mvua zimekwisha, linga za Kbal Spean bado zina maji juu yake, mabwawa yamejaa na msitu wa ziwani ungali umezama. Siku ya kwanza iwe Kulen au Kbal Spean, ikishuka hadi Banteay Srei iliyo njiani. Ya pili iwe Roluos kwa Bakong na Lolei, kisha Mebon ya Mashariki. Ya tatu iwe Angkor Wat, Spean Thma na Bayon. Ziwa lije siku ya nne. Na kama zipo siku tatu tu, Mebon iunganishwe na Angkor Wat, Roluos iachwe, na alasiri ya mwisho ipewe ziwa.