Hukumu mkononi, pesa hakuna

Wamama, anayepelekea ofisi ya Serikali maharage kwa deni anajua kungoja. Hata wakubwa walingoja. Miaka ya 1980, wakati wa Zaïre, kampuni Energoinvest ya Sarajevo ilijenga njia za umeme kwetu. Haikulipwa yote. Mwaka 2003 waamuzi wa kimataifa waliipa haki, lakini pesa haikuja. Mwishowe ikauza deni lile kwa kampuni ya Marekani, FG Hemisphere. Hao wakafuata mali ya Kongo mpaka Hong Kong, wakitafuta karibu dola milioni 100. Juni 2011 majaji 3 kati ya 5 wakakataa: mali ya nchi nyingine haikamatwi hapa. Mwaka 2012 majaji wa London wakawanyima pia mali ya Gécamines.

Kwetu, sheria ya OHADA, tuliyoingia 2012, nayo kwa kawaida inakataza kukamata mali ya Serikali, hata ukiwa na hukumu. Inaruhusu deni likatwe kwa deni, kama Serikali nayo inakudai.

Basi kabla mfuko wa kwanza haujatoka nyumbani, ombeni karatasi ya komande yenye sahihi na muhuri. Mkifikisha mzigo, ombeni ya kupokea. Nakala moja ikae kwa mweka hazina.