Wasichana wa Kisomali Minneapolis na vazi la michezo

Mtaa wa Phillips, kusini mwa jiji la Minneapolis nchini Marekani, ni miongoni mwa mitaa iliyowapokea Wasomali tangu miaka ya 1990, baada ya serikali ya Siad Barre kuanguka mwaka 1991. Wengi walipitia kambi za wakimbizi nchini Kenya. Watoto wao wamekulia ughaibuni, ambako michezo ni sehemu kubwa ya maisha ya shule.

Hapo ndipo penye utata kwa wasichana. Gauni refu humtatiza mchezaji anapokimbia. Akilipunguza, wazazi hawaridhiki. Akiacha mchezo, huwakosa wenzake. Mwaka 2015 wasichana wa Cedar-Riverside, mtaa jirani na Phillips, hawakungoja makampuni makubwa. Walishirikiana na Chuo Kikuu cha Minnesota kubuni sare ya mpira wa kikapu iliyo nyepesi lakini yenye stara. Nike ilianza kuuza hijabu ya michezo mwaka 2017, mwaka ambao shirikisho la mchezo huo duniani, FIBA, liliruhusu wachezaji kufunika kichwa.

Hata hivyo, mitindo ina masharti yake. Halima Aden, mzaliwa wa kambi ya Kakuma aliyekulia Minnesota, alishiriki shindano la urembo la jimbo hilo mwaka 2016 akiwa amevaa hijabu, kisha akawa mwanamitindo mashuhuri. Mwaka 2020 aliiacha kazi hiyo, akieleza kuwa ilimpeleka kinyume na dini yake. Mama yake, alisema, alikwisha kumtaka aiache tangu zamani.